Deborah Kerr: Mwigizaji wa Uskoti na Majina ya Wenzake

Mwaka 1949 zilifanyika safari mbili zilizopishana njiani. Ya kwanza ni ya Julius Kambarage Nyerere, mwana wa Butiama na mwalimu wa Tabora, aliyekwenda Uskoti kusoma katika Chuo Kikuu cha Edinburgh. Ya pili ni ya Deborah Kerr, mwigizaji mzaliwa wa Glasgow, ambaye mwishoni mwa mwaka huo alikuja Afrika ya Mashariki kuigiza filamu. Mmoja alifuata elimu. Mwingine aliletwa na kampuni iliyotafuta mandhari. Katika miaka iliyofuata, kazi zao zilikutana kwa mwanamke mmoja wa tamthilia, Portia, mke wa Brutus. Kerr alimpa uso na sauti katika sinema, na Nyerere akampa Kiswahili. Kwa sababu hiyo maisha ya mwigizaji huyu si habari ya mbali kwa msomaji wa Mara, wala kwa msomaji yeyote wa lugha hii.

Deborah Kerr alizaliwa tarehe 30 Septemba 1921, miezi sita na ushei kabla ya kuzaliwa kwa Nyerere. Jina alilopewa ni Deborah Jane Trimmer. Baba yake alikuwa askari aliyepoteza mguu katika vita vya Somme, na miaka ya mwanzo ya utoto wake ilipita Helensburgh, mji mdogo wa pwani usio mbali na Glasgow. Familia ilipohamia Uingereza, shangazi yake aliyekuwa na chuo cha uigizaji mjini Bristol ndiye aliyemfunza misingi ya kazi hiyo. Kwanza alitaka kuwa mcheza baleti, na mwaka 1938 alipanda jukwaani katika ukumbi wa Sadler's Wells mjini London. Hata hivyo hakudumu huko. Mwaka 1939 alikuwa akipewa nafasi ndogo ndogo katika tamthilia za Shakespeare zilizochezwa uwanjani, chini ya miti ya Regent's Park.

Vita vya Pili vya Dunia vilipokuwa vimepamba moto ndipo nyota yake ilipochomoza. Mwaka 1941 alionekana katika *Major Barbara*, kisha *Love on the Dole*. Mwaka 1943 waongozaji Michael Powell na Emeric Pressburger walimpa wanawake watatu tofauti wa kuigiza ndani ya filamu moja, *The Life and Death of Colonel Blimp*, naye akawabeba wote watatu akiwa na umri wa miaka ishirini na ushei tu. Mwaka 1947 aliigiza mtawa mkuu katika *Black Narcissus*, habari ya masista walioshindwa na upepo na upweke wa milima ya Himalaya. Filamu hiyo ilisifiwa kwa uzuri wa India yake, ilhali karibu yote ilipigwa ndani ya studio za Pinewood, Uingereza, na ile milima ilikuwa ya kuchorwa.

Mwaka huo huo kampuni ya Metro-Goldwyn-Mayer ilimchukua hadi Hollywood. Hapo pana jambo moja dogo linalofaa kukumbukwa, kwa kuwa lina uzito kuliko linavyoonekana. Louis B. Mayer, mkuu wa kampuni hiyo, aliona kwamba Wamarekani wangelitamka vibaya jina la ukoo la mwigizaji wake mpya. Basi ikatangazwa kwamba Kerr lina vina sawa na lile neno la Kiingereza lenye maana ya nyota. Tajiri wa sinema alitumia fedha na matangazo ili umma wa nchi nzima ujifunze kulitamka sawasawa jina la binti mmoja wa Kiskoti.

Ndipo ikaja safari ya Afrika ya Mashariki. Filamu yenyewe ilikuwa *King Solomon's Mines*, iliyotokana na riwaya ya Rider Haggard ya mwaka 1885. Haggard alikuwa amefanya kazi Afrika ya Kusini, na ni huko alikoiweka hadithi yake. Katika riwaya, Allan Quatermain anajigamba kwamba habari yake haina mwanamke wa Kizungu ndani yake. Ni safari ya wanaume watatu wanaomtafuta ndugu wa mmoja wao. Mwandishi wa mchezo wa filamu, Helen Deutsch, akaigeuza. Alimtia Elizabeth Curtis, mwanamke anayemkodi Quatermain aongoze msafara wa kumtafuta mumewe. Nafasi ya Kerr, kwa hiyo, haikuwamo kitabuni kamwe.

Waongozaji walikuwa Compton Bennett na Andrew Marton, na Quatermain aliigizwa na Stewart Granger. Safari hii haikutosheka na milima ya kuchorwa. Kikosi kilipiga picha Kenya, Uganda kwenye maporomoko ya Murchison, Tanganyika, Kongo ya Wabelgiji na Ruanda. Filamu haikuwekewa muziki wa okestra, bali ngoma na nyimbo za Waafrika wenyewe, na Kiswahili kinasikika humo safarini. Ilipotoka mwaka 1950 ilipata tuzo mbili za Oscar, ya upigaji picha na ya uhariri, na ikapendekezwa kwa ile ya filamu bora ya mwaka.

Kerr mwenyewe alipewa mambo machache ya kufanya kuliko alivyoweza. Elizabeth anapiga kelele, anachoka, anapenda. Katika onyesho moja anajikata nywele zake ndefu kwa mkasi na kuziosha. Zinapokauka, zinaonekana zimesokotwa vizuri kama aliyetoka kwa msusi. Watazamaji wamelicheka onyesho hilo tangu zamani. Lakini kuna jambo lisilochekesha. Tembo anayeonekana akiuawa mwanzoni mwa filamu aliuawa kweli mbele ya kamera. Mwaka 1951, mwaka mmoja tu baada ya filamu kutoka, Serengeti, ambayo kingo zake za magharibi zinafika jirani na Bunda na Nyasura, ikatangazwa kuwa hifadhi ya taifa. Enzi moja ya kuwatazama wanyama ilikuwa ikianza kupisha nyingine.

Waigizaji wa Kiafrika waliobeba filamu hiyo pamoja na Kerr hawakuwa wachache, wala nafasi zao hazikuwa za kupita tu. Khiva, msaidizi mwaminifu wa Quatermain, aliigizwa na Kimursi. Umbopa, mfalme aliyenyang'anywa kiti naye akajiunga na msafara ili arudi kwao, aliigizwa na Siriaque. Baziga aliigiza Twala, mfalme mnyang'anyi, na Sekaryongo akawa Gagool. Orodha ya waigizaji inawataja kwa jina moja moja na kabila: Kimursi wa Wakipsigis, na wengine hao wa Watutsi. Halikutajwa jina la baba wala la mji. Kampuni ile ile iliyoufundisha umma wa Marekani kutamka jina la Kerr haikuona haja ya kuwapa watu hawa majina kamili. Wahenga walisema: mgeni njoo, mwenyeji apone. Hapa mgeni alikuja akaongeza sifa, na mwenyeji akabaki na nusu ya jina lake.

Hasara hiyo haikuishia kwenye orodha. Picha zilizopigwa katika safari ile zilihifadhiwa na kampuni, zikatumiwa tena katika filamu nyingine, zikiwemo *Watusi* na *Tarzan the Ape Man*, zote za mwaka 1959. Wachezaji wale waliendelea kuchezeshwa katika hadithi wasizozijua, mbele ya watazamaji wasiowajua. Isitoshe, filamu iliwaonesha Watutsi kama taifa la ajabu, warefu, watawala wa kuzaliwa, wasiofanana na majirani zao. Hiyo haikuwa fikra iliyobuniwa na Hollywood. Ndiyo nadharia iliyotumiwa na wakoloni wa Kibelgiji kuwagawa Wanyarwanda kwa kimo na pua, na matunda yake machungu yalianza kuonekana mwaka huo huo wa 1959, yakafikia kilele katika mauaji ya kimbari ya mwaka 1994. Sinema haikusababisha msiba huo. Lakini iliueneza duniani mtazamo ule ule, kwa rangi nzuri na ngoma za kuvutia.

Kerr, kwa upande wake, alikuwa akitafuta kutoka katika kifungo cha namna yake. Hollywood ilimtaka awe bibi mstaarabu, mpole, asiye na joto. Mwaka 1953 alikivunja kifungo hicho kwa *From Here to Eternity*, alipoigiza mke wa afisa wa jeshi aliyechoshwa na ndoa yake; lile onyesho la ufukweni pamoja na Burt Lancaster, mawimbi yakiwapanda, limekuwa miongoni mwa picha mashuhuri za historia ya sinema. Mwaka 1956 aliigiza Anna, mwalimu katika jumba la mfalme wa Siam, katika *The King and I*. Nyimbo nyingi zinazotoka kinywani mwake humo ziliimbwa na Marni Nixon, ambaye jina lake halikuandikwa katika filamu. Hata katika nchi ya nyota, basi, walikuwapo waliofanya kazi na kuachwa gizani. Tofauti ni kwamba Nixon aliishi kuisimulia habari yake mwenyewe, na jina lake likarudishwa.

Kerr alipendekezwa mara sita kwa tuzo ya Oscar ya mwigizaji bora wa kike, kuanzia *Edward, My Son* hadi *The Sundowners* ya mwaka 1960, na mara zote sita akarudi mikono mitupu. Mwaka 1994 ndipo alipopewa Oscar ya heshima kwa kazi ya maisha yake.

Mwaka 1960 aliolewa mara ya pili, na mwandishi Peter Viertel. Naye Viertel alikuwa na Afrika yake. Alishiriki kuuandika mchezo wa *The African Queen*, filamu ya mwaka 1951 iliyopigwa Kongo na Uganda, na riwaya yake ya mwaka 1953, *White Hunter, Black Heart*, ilimsimulia kwa ukali mwongozaji wa sinema anayejali kumuua tembo kuliko kuifanya filamu yake. Mwishoni mwa miaka ya 1960 Kerr aliiacha sinema kwa muda mrefu akarudi jukwaani. Katika miaka ya 1980 televisheni ikamrejesha majumbani mwa watu: *Witness for the Prosecution* mwaka 1982, na *A Woman of Substance*, ambayo ilimfanya apendekezwe kwa tuzo ya Emmy. Alifariki tarehe 16 Oktoba 2007 huko Suffolk, Uingereza, baada ya kuugua kwa miaka mingi maradhi ya Parkinson. Viertel alimfuata baada ya wiki zisizotimia tatu.

Katika kazi zote hizo, moja inamrudisha msomaji Butiama. Mwaka 1953 Metro-Goldwyn-Mayer ilitoa *Julius Caesar*, ikiwa na Marlon Brando, James Mason na John Gielgud. Kerr aliigiza Portia. Nafasi yenyewe ni fupi, lakini haina maneno ya bure. Usiku wa kula njama, Portia anamdai mumewe Brutus ampe siri iliyo moyoni mwake, akitaka kuhesabiwa mshirika wa maisha yake, si mtu wa kulala naye na kula naye tu. Anamwonesha jeraha alilojitia pajani ili kuthibitisha kwamba anaweza kutunza siri. Yule Elizabeth wa nyikani alipewa kelele. Portia alipewa hoja, na Kerr akaonesha alichokuwa nacho.

Mwaka 1963 tamthilia hiyo ikatoka kwa Kiswahili, imefasiriwa na Nyerere, aliyekuwa wakati huo rais wa Tanganyika. Alikwisha kupata shahada yake Edinburgh mwaka 1952, na tangu hapo alikuwa ameongoza nchi hadi uhuru. Tafsiri yake aliipitia upya, ikatolewa mwaka 1969 kwa jina la *Juliasi Kaizari*, mwaka uliotoa pia *Mabepari wa Venisi*. Aliifanya kwa ushairi usio na vina, jambo lililokuwa geni kwa wengi waliolelewa katika shairi la mizani na vina. Kazi hiyo ilidhihirisha kwamba lugha iliyosikika katika filamu kama lugha ya wapagazi ilikuwa na nafasi ya kutosha kwa wafalme, wala njama, na mke anayedai haki ya kuambiwa.

Hapo ndipo tofauti ya zile safari mbili inapoonekana. Iliyotoka Uskoti ilichukua sura za watu wa Afrika ya Mashariki na kuacha majina yao. Iliyotoka Mara ilichukua tamthilia ya Waingereza na kuirudisha na jina la mtunzi wake, Shakespeare, likiwa kamili juu ya jalada. Deborah Kerr hastahili lawama kwa hayo. Alikuwa mwajiriwa, naye alipigania kazi bora mpaka akaipata. Lakini mwanafunzi wa Nyasura anayefungua *Juliasi Kaizari* anaweza kumjua Portia, akamjua na mwanamke wa Glasgow aliyemwigiza, tangu siku aliyozaliwa hadi aliyokufa. Kimursi, Siriaque, Baziga na Sekaryongo hawezi kuwajua hivyo. Wana watoto wao na wajukuu wao mahali fulani, kati ya nchi ya Wakipsigis na vilima vya Rwanda, na wazee wanaokumbuka siku kamera zilipokuja wanapungua kila mwaka. Majina yao kamili yako vinywani mwa wazee hao, na kinywa kikifungwa hakifunguliwi tena.