Ubingwa Uliofutwa na Ubingwa Uliorudi: Timu ya Chuo Kikuu cha Howard, 1971–1974

Michezo ni sehemu ya utamaduni wa watu, sawa na ngoma, ushairi na uchongaji. Namna watu wanavyocheza, wanavyoshinda na wanavyopokea kushindwa hueleza namna wanavyoishi. Kwa sababu hiyo twaona inafaa wanafunzi wetu waifahamu habari ya timu moja iliyocheza mbali na nchi yetu, lakini kwa miguu ya vijana wengi waliotoka Afrika na katika visiwa vya Karibi vinavyokaliwa na wajukuu wa Afrika. Timu hiyo ni ya Chuo Kikuu cha Howard, mjini Washington, Marekani, na msimu tunaoukusudia hasa ni ule wa mwaka 1974.

Chuo cha Howard kilianzishwa mwaka 1867, miaka miwili baada ya utumwa kukomeshwa nchini humo, wakati vyuo vingi vilipokuwa vikiwafungia milango watu weusi. Tangu hapo kimekuwa njia panda ya Waafrika wa pande zote. Nnamdi Azikiwe wa Nigeria alipata kusoma hapo. Eric Williams, aliyekuja kuwa Waziri Mkuu wa Trinidad na Tobago, alifundisha hapo. Mwanasheria Thurgood Marshall, aliyeshiriki katika mazungumzo ya katiba ya Kenya mjini London mwaka 1960, alihitimu sheria hapo mwaka 1933. Basi si ajabu kwamba hata timu yake ya mpira ilikuwa mkutano mdogo wa mataifa.

Wamarekani wanapotaja kandanda, wengi wao hukusudia mchezo mwingine, wenye mpira wa umbo la yai unaobebwa mikononi. Mchezo wetu wao huuita soka, na katika miaka ile ulikuwa mchezo wa wachache. Miongoni mwa vyuo, mfalme wake alikuwa Chuo Kikuu cha Saint Louis, kilichotwaa ubingwa wa taifa mara 10 kati ya mwaka 1959 na 1973. Howard nayo ilikuwa imeshinda mashindano ya vyuo vidogo mwaka 1961, lakini katika daraja la kwanza haikuwa imevaa taji.

Mwaka 1970 timu hiyo ilipata mwalimu mpya, Lincoln Phillips, aliyekuwa mlinda mlango wa timu ya taifa ya Trinidad na Tobago. Vijana aliowafundisha walitoka Trinidad, Jamaica, Nigeria, Guinea na kwingineko. Kila mmoja alikuja na mchezo wa kwao, na kazi ya mwalimu ilikuwa kuifanya mitindo hiyo mingi kuwa mtindo mmoja. Mwishoni mwa mwaka 1971, mjini Miami, Howard iliishinda Saint Louis mabao 3 kwa 2. Ilikuwa mara ya kwanza kwa chuo cha watu weusi kutwaa ubingwa huo.

Furaha hiyo haikudumu. Chama cha Kitaifa cha Michezo ya Vyuo kiliichunguza timu, na mwanzoni mwa mwaka 1973 kikaufuta ubingwa ule. Kilidai kwamba baadhi ya wachezaji hawakustahili kucheza. Madai mengine yalihusu masharti ya masomo na mitihani. Mengine yalihusu kanuni iliyowabana wageni peke yao: kijana wa nchi nyingine aliyepata kuchezea timu yoyote kwao baada ya kutimiza miaka 19, alihesabiwa kuwa amekwisha tumia sehemu ya muda wake wa kucheza chuoni. Kijana wa Marekani aliyecheza nyumbani kwao katika umri uleule hakuhesabiwa hivyo. Watu wa Howard waliuliza kwa nini wao ndio wachunguzwe, ilhali vyuo vya wazungu navyo vilikuwa na wachezaji wa kigeni.

Chuo kilikwenda mahakamani. Mahakama ilitamka kwamba kanuni ile ya wageni ilikiuka usawa unaolindwa na katiba, na mwaka 1975 Mahakama ya Rufani ikakubaliana nayo. Lakini masharti ya masomo yaliachwa yasimame, na ubingwa wa 1971 haukurudishwa. Wahenga walisema: mnyonge mnyongeni, haki yake mpeni. Hapa haki ilitolewa nusu. Na haki ya nusu humwacha mtu mahali pagumu: hawezi kusema kuwa amenyimwa yote, wala hawezi kusema kuwa amepewa.

Kabla rufani haijaamuliwa, vijana walikuwa wamekwisha jibu uwanjani. Katika msimu wa 1974 Howard ilicheza michezo 19 na kushinda yote 19. Ilifunga mabao 63, ikafungwa 6 tu. Mwezi Desemba ilifika katika fainali, na mpinzani alikuwa Saint Louis, tena katika mji wa Saint Louis wenyewe. Dakika za kawaida zilikwisha timu zikiwa sawa. Ziliongezwa nyakati za ziada, moja baada ya nyingine, na katika kipindi cha nne cha nyongeza Kenneth Ilodigwe, kijana wa Nigeria, alifunga bao la ushindi. Matokeo yalikuwa 2 kwa 1. Safari hii hapakuwa na mkono wa kulifuta taji.

Mwaka huo una kumbukumbu kwetu pia. Mwezi Juni 1974 Mkutano wa Sita wa Umoja wa Waafrika wa dunia nzima ulifanyika Dar es Salaam, na wajumbe weusi wa Marekani na Karibi walikaa pamoja na wenyeji wao. Mwaka huohuo klabu ya Simba ilitwaa ubingwa wa klabu za Afrika Mashariki na Kati. Yaliyosemwa katika ukumbi wa mkutano juu ya umoja, vijana wa Howard waliyatenda kwa kupasiana mpira.

Sisi tulioshinda miaka mingi kati ya majalada ya ofisi twajua kwamba karatasi ina nguvu: yaweza kuandika jina na yaweza kulikata. Vitabu vya chama kile bado vinaonyesha mwaka 1971 kuwa hauna bingwa. Walimu wanaofundisha historia wawaonyeshe wanafunzi pengo hilo, na wawatake waulize nani aliliacha na kwa kanuni gani. Na wanafunzi watakaopatwa na dhuluma wakumbuke kuwa Howard haikuchagua kati ya kudai na kufanya kazi. Ilipeleka hoja zake mbele ya hakimu, na jioni ikarudi mazoezini.