Nyuso bila majina katika filamu za zamani za Congo

Kila inapokaribia tarehe 17 Januari tunaona tena filamu ile ile: Patrice Lumumba juu ya lori la kijeshi, mikono imefungwa nyuma. Ilichukuliwa mwanzoni mwa Desemba 1960, alipofikishwa Léopoldville, Kinshasa ya leo, baada ya kukamatwa akielekea Stanleyville. Askari mmoja anamvuta nywele ili uso wake uelekee kamera. Mwingine anamsokomeza mdomoni karatasi yenye maneno yake mwenyewe. Tarehe 17 Januari 1961 aliuawa Katanga, pamoja na Maurice Mpolo na Joseph Okito.

Lumumba tunamjua. Lakini wale askari ni watoto wa nani? Na wale raia wanaotazama pembeni? Picha zao zimezunguka dunia zaidi ya miaka 60, majina yao hayakuandikwa.

Mambo haya yalianza zamani. Mwaka 1955 mfalme Baudouin wa Ubelgiji alitembelea Congo, na André Cauvin akatengeneza filamu iitwayo Bwana Kitoko. Ndani yake kuna umati wa Wakongomani wakicheza na kushangilia. Jina la mfalme limeandikwa, la mtengenezaji pia. Wachezaji ni "umati" tu.

Picha hizo zina wenyewe, na wenyewe si sisi. Raoul Peck, Mhaiti aliyekulia Léopoldville, alipotengeneza filamu yake juu ya kifo cha Lumumba, alisema ndani ya filamu hiyo hiyo jinsi dakika moja ya picha za zamani inavyouzwa ghali. Mwaka 2024 Mbelgiji Johan Grimonprez alitumia picha nyingi za miaka ile katika Soundtrack to a Coup d'Etat, filamu iliyofika hadi kwenye mashindano ya Oscar. Ni kazi nzuri, inafundisha. Lakini mama aliyeonekana humo sekunde tatu, familia yake haina habari.

Ndugu zangu mliohama makwenu, jambo hili linatugusa. Kamera zilikuja Goma mwaka 1994 wakati wa kipindupindu. Zilikuja tena Kanyaruchinya na Bulengo. Picha za watoto wetu wakipanga mstari na bidoni za maji zitaonyeshwa bado wakati watoto hao watakuwa wazee.

Kwa hiyo, mtu akija na kamera, una haki ya kumuuliza anatoka wapi na picha inakwenda wapi. Una haki ya kukataa. Kama kutaja jina kunaleta hatari, usilitaje. Liandike katika daftari la familia: siku, mahali, nani alikuwepo. Na ninyi wazee, mkitambua uso katika filamu ya zamani, waambieni wajukuu: huyu alikuwa fulani, wa kijiji fulani. Askari, mchezaji, mama mwenye mzigo kichwani, kila mmoja alikuwa na jina kwao.