Mechi Tatu za Mwaka 1896

Mwaka 1896 Chuo cha Kilimo cha Clemson, katika jimbo la Carolina Kusini nchini Marekani, kilikuwa na miaka mitatu tu tangu kipokee wanafunzi wa kwanza. Vijana wale waliishi kijeshi: sare, gwaride, adhabu kwa mchelewaji. Timu ya mpira hawakuwa nayo.

Aliyewaletea alikuwa Walter Riggs, mwalimu wa uhandisi mwenye umri wa miaka 23, aliyetokea chuo cha Auburn, Alabama. Inasimuliwa kwamba alikuja na jezi kuukuu za mazoezi za Auburn, rangi ya machungwa na buluu, zilizopauka kwa kufuliwa. Auburn walijiita Chui Milia. Clemson nao wakawa Chui Milia, na rangi ya machungwa wanaivaa mpaka leo.

Mchezo wenyewe si kandanda. Ni ule wa Kimarekani, wa mpira wenye umbo la yai, unaobebwa mikononi huku wapinzani wakikuangusha. Enzi hizo kumrushia mwenzako mpira mbele ilikuwa marufuku. Ruhusa ilikuja mwaka 1906. Kwa hiyo watu walisukumana kifua kwa kifua, hatua kwa hatua. Kuuvusha mpira mstari wa goli kulikuwa na pointi 4, na mkwaju uliofuata ukipita katikati ya milingoti uliongeza 2.

Tarehe 31 Oktoba walikwenda mji wa Greenville kuikabili timu ya chuo cha Furman. Mechi ya kwanza kabisa ya timu hiyo, na ugenini! Wakashinda 14 kwa 6. Siku 12 baadaye, Alhamisi, wakawa Columbia, mji mkuu wa jimbo, wakati wa maonyesho makubwa ya kilimo. Wenyeji, Chuo cha Carolina Kusini, waliwafunga 12 kwa 6. Mechi hiyo ndiyo iliyoanzisha utani wa jadi mkubwa kuliko wote katika jimbo hilo: hadi mwaka 1959 timu hizo zilikuwa zikikutana pale pale Columbia, Alhamisi ya maonyesho. Novemba 21 Clemson wakamaliza msimu kwa kuichapa timu ya chuo cha Wofford 16 kwa 0.

Mechi tatu, ushindi mara mbili. Kwa timu iliyoanza na jezi kuukuu, hayo ni makubwa.

Lakini historia ya chuo hiki haisimuliwi vizuri kwa kuwataja wachezaji peke yao. Ardhi yake ilikuwa shamba la mwanasiasa John C. Calhoun, lililolimwa na watumwa. Majengo yake ya kwanza yalijengwa na wafungwa, wengi wao Wamarekani weusi, baadhi wakiwa wavulana wadogo kuliko makadeti wenyewe. Wao ndio waliofyatua na kubeba matofali, na watoto wao hawakuruhusiwa kusoma humo. Mwanafunzi wa kwanza mweusi, Harvey Gantt, aliingia Januari 1963.

Tukirudi kwa Riggs, yeye hakuondoka Clemson. Mwaka 1900 timu ilimpata kocha John Heisman, naye kutoka Auburn, ikashinda mechi zote sita kwa jumla ya pointi 222 dhidi ya 10. Riggs mwenyewe akawa mkuu wa chuo hadi alipofariki mwaka 1924. Uwanja wa zamani bado una jina lake. Siku hizi kinachochezwa pale ni kandanda.