Vyombo vya Balisidya

Siku ya Nane Nane nilikuwa Nzuguni, kwenye viwanja vya maonyesho ya wakulima wa Kanda ya Kati. Jua lilikuwa kali na upepo wa Agosti ulikuwa ukirusha vumbi mpaka ndani ya vikombe vya chai. Nilisimama kwenye banda moja la mbegu za alizeti, si kwa ajili ya mbegu, bali kwa sababu ya wimbo uliokuwa ukitoka kwenye kipaza sauti chao. Ulikuwa ule wimbo wa "Harusi" wa Afro 70. Akina mama wawili waliokuwa wakipita na miche ya zabibu wakapiga vigelegele, kama vile bibi harusi alikuwa anashuka kwenye gari mbele yao.

Nikamwuliza kijana wa banda, anayeimba hapo ni nani?

"Aa, mzee, hizo ni za zamani tu," akanijibu. "Zimo humu kwenye flashi, nilizikuta."

Sikumlaumu. Lakini nilimwambia kwamba mtu huyo alizaliwa hapa hapa Dodoma, kule Mvumi, na kwamba kutoka pale tulipokuwa tumesimama mtu angeweza kufika kijijini kwake, akasalimia wenyeji na kurudi kabla maonyesho hayajafungwa. Kijana akacheka, akadhani namtania.

Patrick Pama Balisidya alizaliwa Mvumi tarehe 18 Aprili, 1946. Mvumi, kwa wasioijua, ni nchi ya misheni ya Kianglikana, yenye hospitali na shule za siku nyingi. Mtoto anayekulia huko anasikia muziki wa namna mbili kwa wakati mmoja: kanisani kuna tenzi, na nje kuna zeze, ilimba na ngoma za Wagogo, watu ambao kuimba kwa sauti nyingi zinazopishana hawakufundishwa na mmisionari yeyote. Mwishoni mwa miaka ya 1960 kijana huyo alikuwa amekwisha kufika Dar es Salaam, akipiga katika Dar es Salaam Jazz Band, moja ya bendi kongwe kabisa nchini. Mwaka 1970 akaunda ya kwake. Akaiita Afro 70, na mtindo wake akauita Afrosa.

Jina hilo lilikuwa na sababu zake. Mwaka mmoja nyuma, 1969, Umoja wa Vijana wa TANU ulikuwa umeanzisha Operesheni Vijana, ile iliyopiga vita sketi fupi na suruali za kubana, na kabla mwaka haujaisha muziki wa soul nao ukapigwa marufuku jijini. Vijana wa Dar es Salaam walitaka gitaa la umeme na mdundo wa kisasa. Wakubwa walitaka utamaduni wa taifa. Balisidya aliwapa wote wawili walichotaka. Gitaa lilikuwa la kisasa, maneno yalikuwa Kiswahili safi, na mambo aliyoyaimba yalikuwa ya nyumbani kwa kila mtu: mapenzi, pesa, harusi, mashaka ya maisha. Aliimba, alitunga, alipiga gitaa na kinanda, na bendi ilikuwa yake.

Hapo kwenye kusema bendi ilikuwa yake ndipo penye kiini cha mazungumzo yangu ya leo.

Wasikilizaji wa umri wangu wanakumbuka jinsi mambo yalivyokuwa. Bendi nyingi kubwa za miaka hiyo zilikuwa na wenyewe. NUTA Jazz, iliyoanza mwaka 1964, ilikuwa ya chama cha wafanyakazi. Polisi walikuwa na bendi yao, jeshi lilikuwa na za kwake, kiwanda cha nguo cha Urafiki kilikuwa na Urafiki Jazz. Mwanamuziki alikuwa mwajiriwa, mshahara mwisho wa mwezi, na magitaa, ngoma na amplifaya vilikuwa mali ya shirika. Utaratibu huo ulikuwa na heri yake, maana mpiga tarumbeta alipata mkate na matibabu. Lakini siku akikorofishana na wakubwa, alitoka na nguo zake tu. Neno lenyewe tulilotumia lilikuwa "vyombo". Hukuuliza bendi fulani ina waimbaji gani, uliuliza, "Ina vyombo?"

Balisidya alichagua njia ngumu ya kusimama mwenyewe. Kwa miaka kadhaa ilimlipa. "Dirishani", "Weekend", "Harusi", zote zilivuka mipaka, na Kenya walimpenda pengine kuliko tulivyompenda sisi. Redio Tanzania iliwarekodi na kuwapiga asubuhi na jioni. Tukumbuke hata hivyo kwamba kupigwa redioni hakukuwa kulipwa. Sheria ya hakimiliki ilikuwapo tangu mwaka 1966, lakini ilikaa kwenye makabati. Chama cha kukusanya haki za watunzi, yaani COSOTA, kilikuja baada ya sheria mpya ya mwaka 1999. Kwa mtunzi wa miaka ya sabini, pesa ilitoka mlangoni pa ukumbi na kwenye santuri. Na santuri zilikuwa zikifyatuliwa Nairobi, kwa sababu Tanzania haikuwa na kiwanda chake.

Sasa tazama mambo yalivyokutana. Mapema mwaka 1977 Nigeria iliandaa FESTAC, tamasha kubwa la sanaa za watu weusi wa dunia nzima, kuanzia tarehe 15 Januari hadi 12 Februari. Afro 70 wakateuliwa kuiwakilisha Tanzania. Ilikuwa heshima kubwa kwa bendi ya mtu binafsi kupita mbele ya bendi za mashirika. Serikali ikawapatia vyombo vipya kwa ajili ya safari hiyo. Na katika mwezi huo huo wa Februari, Jumuiya ya Afrika Mashariki ikiwa katika kukata roho, Tanzania ikafunga mpaka wake na Kenya. Mpaka huo haukufunguliwa mpaka Novemba 1983.

Kwa hiyo mtu huyu alirudi kutoka kwenye kilele cha maisha yake akakuta njia ya santuri imefungwa. Halafu vyombo. Masimulizi yaliyobaki miongoni mwa wanamuziki wa enzi hizo ni kwamba vile vyombo vipya, safari ilipokwisha, vilirudi mikononi mwa serikali, na Afro 70 wakabaki mikono mitupu. Sina nia ya kumfungulia kesi mtu yeyote hapa. Bila shaka ofisa aliyevidai aliona anatunza mali ya umma, na kwa daftari lake alikuwa sawa. Ila daftari halikuwa na safu ya kuandika kwamba hiyo ndiyo bendi yenyewe imechukuliwa. Kununua vingine kulihitaji fedha za kigeni, na baada ya vita vya Kagera vya 1978 na 1979 fedha za kigeni hazikutosha hata dawa na mafuta. Nani angeomba kibali cha amplifaya?

Mlango mmoja ukafunguka mbali sana, katika nchi ya Sweden. Urafiki wetu na Waswidi katika miaka hiyo ulikuwa mkubwa. Walitusaidia katika shule, maji na viwanda, na Waswidi wengi vijana walikuja kufanya kazi huku na kurudi kwao wakiwa na Kiswahili kidogo na mapenzi mengi. Huko kwao nako kulikuwa na ugomvi juu ya muziki. Mwaka 1974 kundi la ABBA lilishinda shindano la nyimbo la Ulaya, na dunia nzima ikajua Sweden kuwa nchi ya ABBA. Lakini kulikuwa na vijana wa huko huko waliochukia muziki wa biashara. Mwaka uliofuata, shindano hilo lilipofanyika Stockholm, wao wakafanya tamasha lao la kupinga. Walikuwa wameanza pia kuanzisha kampuni zao wenyewe za santuri, kama MNW, ili mwanamuziki asimwachie mwingine shingo yake. Vijana wa pank waliokuja nyuma yao, wenye gitaa chakavu na nyimbo za dakika mbili, waliwacheka kaka zao hao kwa ndevu na nyimbo ndefu, lakini jambo moja walilirithi: rekodi mwenyewe, uza mwenyewe. Wapo waimbaji wengi wa Sweden wa siku za baadaye, hata wale wa sauti laini kabisa, walioanzia katika shule hiyo.

Mojawapo ya makundi ya vijana wale wa kwanza liliitwa Archimedes Badkar, maana yake bafu la Archimedes, yule mtaalamu wa Kigiriki anayesemekana aliruka kutoka majini akipiga kelele. Walipenda muziki wa Afrika na Asia. Balisidya alikwenda Sweden akashirikiana nao, na mwaka 1979 ikatoka santuri yenye majina ya makundi yote mawili, Archimedes Badkar na Afro 70. Waliipa jina la Kiswahili: "Bado Kidogo".

Binafsi bado napenda zaidi zile nyimbo za miaka ya mwanzo. Lakini fikiria tu jambo lenyewe. Mwana wa Mvumi anasimama kwenye studio ya watu walioshikilia kwamba mwanamuziki amiliki kazi yake, wakati kwao Dar es Salaam anamilikije, naye hana hata waya? Kule wenzake walikuwa wanapigana na utajiri wa ABBA. Yeye alikuwa anapigana na upungufu wa kila kitu.

Aliendelea kupiga na kutunga baada ya hapo. Watu wa muziki walimheshimu. Ila Afro 70 ile ya kabla ya Lagos haikurudi.

Kuna Mgogo mwingine wa kumlinganisha naye, marehemu Hukwe Zawose, ambaye Mwalimu Nyerere alimwita Dar es Salaam na baadaye akawa mwalimu katika Chuo cha Sanaa Bagamoyo. Zawose naye alizunguka dunia, santuri zake zikatolewa Uingereza kuanzia miaka ya 1980, na mwaka 2002 ikatoka albamu aliyorekodi na mpiga gitaa Michael Brook wa Canada. Mara nyingi watu husema Zawose alifanikiwa nje kwa sababu Wazungu wanapenda ya asili. Huenda. Mimi naongeza jambo dogo la kifundi: zeze linatengenezwa kwa kibuyu, ngozi na mti, na likivunjika mwenyewe analichonga jingine. Halina umeme, halina forodha, na hakuna ofisi inayoweza kulidai lirudishwe. Balisidya alichagua chombo ambacho nchi yake haikuweza kukinunua, na akatunga kwa chombo hicho wimbo ambao hakuna harusi ya mjini iliyoufukuza.

Zawose alifariki Desemba 2003. Balisidya alimfuata baada ya miezi kadhaa, tarehe 7 Agosti, 2004. Siku ya pili yake ilikuwa Nane Nane.

Pale Nzuguni nilimwomba yule kijana aandike jina kwenye faili lile la flashi, ili atakayeuliza tena ajibiwe. Akaandika kwa simu yake, akanionyesha. Alikuwa amekosea herufi mbili, nikamsahihisha, akarekebisha. Nikanunua kilo moja ya mbegu kwa aibu ya kumpotezea muda. Tarehe ile ya mwaka 2004, nilipokuja kutazama kalenda, ilikuwa Jumamosi, na kumbi za Dodoma na Dar es Salaam bila shaka zilikuwa zimejaa maharusi.