Sheria za vyama vya kusaidiana nchini Uingereza

Sheria za vyama vya kusaidiana ni mfululizo wa sheria zilizotungwa na Bunge la Uingereza tangu mwaka 1793 kuhusu vyama ambavyo wanachama wake huchanga kidogo kidogo, ili mmoja wao akiugua, akiumia kazini au akifa, mfuko umsaidie yeye au wajane na yatima wake. Mwenye kujua chama cha kufa na kuzikana anaijua tayari shughuli yenyewe. Kigeni kwake kitakuwa ni jinsi dola ilivyojiingiza humo. Sheria hizi zimebadilika mara nyingi, lakini msingi wake ni mapatano yaleyale: chama kilete kanuni zake zisomwe, nacho kipewe ulinzi wa mahakama.

Sanduku na kufuli zake

Katika karne ya 18 vyama hivi vilikutana kwenye vilabu vya pombe. Fedha zilikaa ndani ya sanduku, mara nyingi lenye kufuli tatu, na funguo zikashikwa na watu watatu tofauti, ili pasiwe na mmoja awezaye kulifungua peke yake. Ulikuwa ulinzi mzuri dhidi ya mwizi wa nje. Dhidi ya mwizi wa ndani haukutosha, na sheria ya kawaida haikusaidia. Chama kisichotambuliwa hakikuwa mtu mbele ya mahakama, hivyo hakikuweza kushtaki kwa jina lake. Mweka hazina aliyekuwa pia mwanachama alihesabiwa kuwa mmoja wa wenye mali, na mtu haibi mali yake. Akifa na madeni, wenzake walipanga foleni pamoja na wadai wengine.

Sheria ya Rose, 1793

Mbunge George Rose ndiye aliyepeleka bungeni sheria ya kwanza. Kichwa chake kilitaja kuvitia moyo vyama vya kusaidiana, na sababu haikuwa huruma tupu. Kila parokia ililazimika kuwalisha maskini wake kwa kodi iliyotozwa wenye mali, na kila mgonjwa aliyelipwa na chama chake alikuwa mzigo mmoja uliopungua katika kodi hiyo. Zaidi ya hapo, Uingereza ilikuwa imeingia vitani na Ufaransa ya mapinduzi mwezi Februari mwaka huohuo. Serikali ilitaka kujua watu wa kawaida wakikaa pamoja usiku wanazungumza nini.

Chini ya sheria hiyo, kanuni za chama zilipelekwa kwa mahakimu wa eneo katika kikao chao cha kila robo mwaka. Zikikubaliwa, chama kilipata haki ya kushtaki na kushtakiwa kupitia viongozi wake, kilisamehewa ushuru wa stempu kwenye hati zake, na kilitangulia wadai wengine pale kiongozi aliyeshika fedha zake alipokufa au kufilisika. Kujiandikisha kulikuwa hiari. Takwimu zilizokusanywa kwa ajili ya Bunge mwaka 1803 zilitaja vyama 9,672 vyenye wanachama 704,350 katika England na Wales.

Hofu ya viapo na matawi

Mkono uliotoa ulinzi ndio uliotoa vitisho. Mwaka 1797, baada ya maasi ya mabaharia wa kivita, Bunge lilipiga marufuku viapo vya siri. Sheria ya 1799 ikavigusa vyama vyenye viapo na vyenye matawi yanayofuata kituo kimoja, na sheria za 1799 na 1800 zikawakataza wafanyakazi kuungana kudai mishahara. Vyama vya kusaidiana vikabaki njia panda. Vyama vikubwa vyenye matawi, kama Oddfellows wa Manchester, vilikuwa na viapo na ibada za kumpokea mwanachama mpya, na wafanyakazi nao walijifunza kuficha chama cha kudai ujira ndani ya chama cha kuzikana.

Kesi inayokumbukwa zaidi ni ya kijiji cha Tolpuddle, Dorset. Vibarua wa mashamba, wakiongozwa na mhubiri wa Kimethodisti George Loveless, walianzisha chama mwaka 1833 na kukiita kwa jina la chama cha kusaidiana. Kuunda umoja wa wafanyakazi kulikuwa kumeruhusiwa tangu 1824, kwa hiyo waendesha mashtaka waliitafuta sheria ya viapo ya 1797. Machi 1834 watu sita walihukumiwa kupelekwa Australia kwa miaka saba. Kelele za umma ziliwapatia msamaha mwaka 1836. Lakini kila mwenye chama kilichokuwa na kiapo alikuwa ameshapata habari yake.

Hesabu zisizokubali

Adui mkubwa zaidi wa vyama hivi hakuwa mwizi wala serikali. Alikuwa umri. Chama kilianzishwa na vijana wa rika moja, wote wakilipa ada sawa, na kwa miaka ishirini mfuko ulinona kwa kuwa kijana haugui sana. Wakati mwingine ziada iligawanywa, au ilinyweka palepale klabuni. Kisha wanachama walizeeka kwa pamoja. Siku za ugonjwa ziliongezeka, vijana wapya wakakataa kuingia chama cha wazee na kujianzishia chao, na mfuko ukakauka wakati ambapo mzee aliyechangia tangu ujana hana chama kingine kitakachompokea.

Sheria ya 1819 ilijaribu kulitatua tatizo hilo kwa kudai majedwali ya ada na mafao yathibitishwe na watu wawili wenye ujuzi wa hesabu za bima. Wajuzi wa kweli walikuwa wachache. Kamati ya Bunge ya mwaka 1825 ililalamika kwamba majedwali yalipitishwa na walimu wadogo wa shule na makarani wa hesabu, wasiojua lolote kuhusu uwezekano wa mtu kuugua. Sheria ya 1829 ikavitaka vyama vilivyoandikishwa vipeleke taarifa za magonjwa na vifo kila baada ya miaka mitano, na kumpa mwanasheria mmoja kazi ya kukagua kanuni zote za England.

Mwanasheria huyo alikuwa John Tidd Pratt. Mwaka 1846 cheo chake kikawa cha Mrajis wa vyama vya kusaidiana, akakishika hadi alipofariki mwaka 1870. Kwa miaka kama arobaini, sheria hii kwa mtu wa kawaida ilikuwa yeye. Aliandika maonyo katika taarifa zake, akavisema vyama vilivyotumia fedha za wagonjwa kwa karamu. Ila mamlaka yake yaliishia kwenye karatasi: aliweza kusema kwamba kanuni hazivunji sheria, hakuweza kusema kwamba mfuko una fedha. Watu hawakuipata tofauti hiyo. Waliona muhuri wake wakadhani serikali imeweka dhamana, na wapo waliokuja kugundua ukweli uzeeni.

Sheria ya 1850 hatimaye ilivifungulia mlango vyama vyenye matawi. Mlango kwa vyama vya wafanyakazi ulikuwa nusu wazi, mpaka kesi ya Hornby na Close mwaka 1867 ilipoufunga. Tawi la Bradford la chama cha waunda mitungi ya mvuke lilidai pauni 24 zilizoshikiliwa na mweka hazina wake. Mahakama ikasema chama ambacho malengo yake yanazuia biashara hakiwezi kujificha chini ya sheria ya vyama vya kusaidiana. Ni hukumu iliyomlinda mtu mmoja na kuziweka hatarini akiba za maelfu, na ndiyo mojawapo ya sababu za kutungwa kwa Sheria ya Vyama vya Wafanyakazi ya 1871.

Sheria ya 1875

Tume ya Kifalme chini ya Sir Stafford Northcote ilichunguza mambo haya hadi 1874. Sheria iliyofuata, ya 1875, iliacha kujiandikisha kuwe hiari, lakini chama kilichojiandikisha kilipaswa kukaguliwa hesabu kila mwaka na kupima kila miaka mitano kama mali yake inatosheleza ahadi zake. Mrajis Mkuu wa kwanza chini yake, John Malcolm Ludlow, alikuwa katibu wa tume hiyo, na kabla ya hapo alipigania vyama vya ushirika kama Msoshalisti wa Kikristo.

Kifungu kimoja kinaonyesha hofu ya zama zile. Bima ya maziko ya mtoto aliye chini ya miaka 5 haikuruhusiwa kuzidi pauni 6, na chini ya miaka 10 haikuruhusiwa kuzidi pauni 10. Waheshimiwa walishuku kwamba kwa maskini kufa ni kufaana hata kwa mwana. Wazazi wenyewe waliogopa jambo jingine kabisa: kaburi la maskini, linalochimbwa kwa gharama ya parokia.

Dola yashika mfuko

Sheria ya Bima ya Taifa ya 1911, kazi ya David Lloyd George, iliwalazimisha wafanyakazi wengi kuchangia peni 4 kwa wiki, mwajiri akaongeza 3 na dola 2. Mafao ya ugonjwa yalipitia kwenye vyama vilivyoidhinishwa, vikiwemo vya kusaidiana, ambavyo hata hivyo vililazimika kugawana kazi hiyo na makampuni ya bima. Sheria ya 1946 ikaufuta mpango huo. Kuanzia tarehe 5 Julai 1948 dola ililipa yenyewe, na vyama vikarudi kuwa jambo la hiari. Sheria ya 1992 iliviruhusu kuwa na nafsi ya kisheria, haki viliyoikosa kwa miaka 199, na mwaka 2001 kazi za Mrajis zilihamia kwenye mamlaka ya huduma za fedha.

Nje ya Uingereza

Sheria ya ushirika wa mikopo ya India ya mwaka 1904 ilichukua mengi kutoka sheria hizi, na Tanganyika ikafuata mfano wa India katika sheria yake ya vyama vya ushirika ya 1932, ambayo chini yake muungano wa ushirika wa KNCU wa Kilimanjaro uliandikishwa mwaka 1933. Cheo cha Mrajis wa Vyama vya Ushirika kipo Tanzania hadi leo. Upande wa hofu nao ulivuka bahari: sheria ya vyama ya Tanganyika ya 1954 ililitaka kila tawi liandikishwe peke yake, na chama cha siasa cha TANU kilinyimwa usajili wa matawi katika baadhi ya maeneo. Karibuni zaidi, vikundi vya Tanzania vya kuweka na kukopa, vikiwemo VICOBA, viliingizwa kwenye Sheria ya Huduma Ndogo za Fedha ya 2018, katika daraja la nne, na usajili wao ukakabidhiwa halmashauri.