Lukasa na Muhtasari: Kuitambulisha Tamthilia ya Televisheni Katanga

Makala haya yanahusu utanzu mdogo usiotiliwa maanani sana: maelezo mafupi yanayomtambulisha mtazamaji kwa tamthilia ya televisheni. Dai letu ni kwamba maelezo mazuri huamsha hadithi badala ya kuimaliza. Tunaanzia Kamina, katika nchi ya Waluba, mji ambao tangu 2015 ni makao makuu ya jimbo la Haut-Lomami.

Waluba walijua kuhifadhi jambo kubwa katika chombo kidogo. Lukasa ni kibao cha kushika mkononi, kilichopambwa kwa shanga au michongo. Wajuzi wa chama cha Mbudye walikipapasa kwa kidole huku wakisimulia habari za wafalme na asili ya utawala. Shanga ile ile haikudai maneno yale yale. Msimuliaji aliizungumzisha kulingana na hadhira yake.

Reli inaiunganisha Kamina na Lubumbashi, ambako kundi la Mufwankolo lilicheza kwa Kiswahili cha Katanga. Wachezaji hawakukariri maandishi. Walikubaliana juu ya mpangilio wa matukio, kisha maneno yakazaliwa katika mazoezi na mbele ya kamera. Mwaka 1986 walitayarisha tamthilia ya televisheni iitwayo Le pouvoir se mange entier, yaani mamlaka huliwa mazima. Mwanaanthropolojia Johannes Fabian aliusikia usemi huo mezani, alipopewa firigisi ya kuku. Alipowauliza wachezaji maana yake, wao waliufanya kuwa kiini cha mchezo, uliorekodiwa katika kijiji cha Kawama.

Je, mchezo kama huo uelezweje? Tukiandika, “Mchezo huu unafundisha kwamba mamlaka hayagawanywi,” tumemnyima mtazamaji sababu ya kutazama. Afadhali tuandike: “Firigisi ni moja na wenye njaa ni wengi. Atakayeila atawajibika vipi kwa kijiji?” Hapa pana kitu cha kuonekana, pana mgongano, na pana swali ambalo mchezo peke yake ndio utakaolijibu.

Tofauti hii si ya urembo tu. Katika Zaire ya Mobutu, nchi ya chama kimoja, usemi juu ya mamlaka ulibeba maana zaidi ya moja, na maelezo yenye kufunga maana yangeweza kuupotosha mchezo, hata kuwaponza wachezaji.

Zaidi ya hayo, mchezo usioandikwa hutoweka kwa urahisi. Huu ulibahatika: Fabian alichapa mazungumzo yake mwaka 1990 katika kitabu Power and Performance. Pale ambapo kanda imepotea na hakuna nakala, muhtasari ndio shanga pekee iliyosalia kibaoni. Mwandishi wake basi ni mwanahistoria, apende asipende. Na aipange shanga hiyo ili atakayeipapasa kesho aweze kusimulia.