Kuchagua vijiti vya dirisha: niliyojifunza Berchem

Dada yangu anakaa Berchem-Sainte-Agathe, magharibi mwa Brussels. Madirisha yake ya mbele yameoza, naye akataka mapya yenye miraba midogo kama ya majumba ya Kiingereza. Nasema vijiti vinavyogawa kioo, si nondo za kuzuia wezi.

Kabla hajalipa chochote tulitembea hadi Cité Moderne, mtaa wa jirani uliojengwa kati ya 1922 na 1925 kwa michoro ya Victor Bourgeois. Nyumba za bei nafuu, paa bapa, kuta hazina nakshi, na baadhi zimepangwa mbele kama meno ya msumeno ili jua liingie. Uzuri wake wote umo kwenye umbo la dirisha. Tia miraba midogo pale, ni sawa na kumvisha fundi mwashi mkufu wa bibi harusi.

Kisha sheria. Brussels, ukibadilisha mgawanyo wa dirisha linaloonekana barabarani, kwa kawaida unahitaji kibali. Ukirudishia sura ya asili, mara nyingi husumbuliwi. Ulizeni ofisi ya manispaa kabla ya kumpa fundi arubuni.

Vijiti vyenyewe viko vya namna tatu. Vya kweli hubeba kila kipande cha kioo peke yake: vinapendeza, lakini ni ghali, na kwa kioo cha tabaka mbili huwa vinene na hupitisha baridi zaidi pembezoni. Vya kubandikwa nje na ndani hufanana navyo kwa bei ndogo, ila gundi mbaya huachia. Vya katikati ya tabaka mbili havishiki vumbi. Kwa mbali huonekana bapa, lakini sisi wa Maskati na Dubai, wenye vumbi la kila siku, mimi ningevichukua hivyo.

Msitarajie sitara. Mashrabiya ya mbao huficha watu wa ndani na kupitisha upepo. Vijiti havifichi kitu, pazia bado litahitajika.

Na Desemba ya Brussels mchana ni wa saa nane hivi. Kila kijiti hula mwanga.

Mwishowe dada alichagua kijiti kimoja cha kulala, juu, kama dirisha la jirani ambalo halijawahi kubadilishwa. Tulilipiga picha kwa idhini yake, tukampelekea fundi.